Mgongo unauma? Shuka kwenye mkeka

Jambo zenu, ba mama na ba papa wa Goma. Mkeka huu ninauza, ya bluu imekwisha, imebaki nyekundu. Huna mkeka? Kunja kitenge mara nne, saruji isikuchubue magoti.

Lala chali, vuta goti moja kifuani, hesabu 20, badilisha. Hiyo mnaijua, nisiwamalizie mega za intaneti.

Ya pili ndiyo yenye kazi. Piga magoti, viganja chini, kama unapangusa nyumba. Nyoosha mkono wa kuume mbele na mguu wa kushoto nyuma. Polepole! Mguu usipande juu kuliko matako. Wengi wanadhani kupandisha ndiyo nguvu, kumbe kiuno kinapinda, na kesho hawainuki. Mdogo wangu, shusha simu, wanaona dari tu! Haya. Weka chupa ya maji juu ya kiuno. Ikianguka, mguu umepanda. Nimesema usipande! Shikilia sekunde 10, pumua, badilisha. Mara 5 kila upande zinatosha kwa kuanza.

Ya tatu: chali, kunja magoti, inua matako, bana, shusha. Mara 10. Mimi hii ndiyo naipenda, unaifanya huku ukisikiliza redio.

Mgongo ukikukamata, usishinde kitandani, tembea kidogo kidogo. Maji ya moto kwenye chupa, izungushie kitambaa, kaa nayo dakika 15. Ibuprofeni, ile dawa ya maumivu, haimezwi tumbo likiwa tupu. Mwenye vidonda vya tumbo, mwenye ugonjwa wa figo na mjamzito waulize muganga kwanza. Lakini mguu ukikosa nguvu, ganzi ikishika katikati ya mapaja, mkojo ukigoma au ukijitokea wenyewe, au mgongo ukiuma pamoja na homa, zima video, nenda hospitali leo. Usiende kukandwa!

Sasa bidoni, dumu la maji. Ya lita 20 ni kilo 20, haina huruma. Isogeze hadi iguse miguu, chuchumaa, inuka kwa mapaja. Unataka kugeuka? Geuza miguu, kiuno kikae. Miguu, mama! Afadhali lita 10 mkono huu, 10 mkono ule.

Na ninyi ba motari, wa teksi za pikipiki, mnaorushwa barabarani na mawe ya volkano yetu Nyiragongo kutwa nzima: kila mkisimama, shukeni, mikono kiunoni, jinyoosheni nyuma mara 5. Abiria akicheka, naye ashuke ajinyooshe.