Vitamu vya Sikukuu Bila Oveni: Tende, Korosho na Lile Kopo la Masasi

ZUHURA: Haya, karibuni tena. Leo tuko sebuleni kwa shangazi, hapa hapa Mtwara mjini. Feni imewashwa, kwa hiyo mkisikia mvumo msidhani simu zenu zimeharibika. Shangazi, shikamoo.

SHANGAZI SOMOE: Marahaba mwanangu. Na uwaambie ukweli, hiyo feni inazungusha joto tu, haipozi kitu.

ZUHURA: Ndiyo Desemba yetu. Leo tunatengeneza vitamu vya sikukuu visivyookwa. Hakuna oveni, hakuna kupalia makaa juu na chini. Ila kabla hatujaanza nina jambo la kuungama.

SHANGAZI SOMOE: Ungama. Habari zenyewe zilishanifikia kutoka ujombani kwako.

ZUHURA: Wasikilizaji, upande wa mama wako Masasi, ni Wakristo. Kwa hiyo Idi naila huku, Krismasi naila kule. Mwaka jana nikasema niwapelekee kitu cha maana. Nikaona kwenye simu vitonge vya chokoleti: unayeyusha chokoleti, unachanganya na maziwa mazito ya kopo, unaviringisha, kisha unachovya kwenye chokoleti nyingine. Nikafanya vyote, nikaweka kwenye friji usiku kucha. Asubuhi vinang'aa kama shanga. Nikapanda basi, kopo mapajani. Tulipofika Mnazi Mmoja nikafunua nionje kimoja...

SHANGAZI SOMOE: Ukakuta uji.

ZUHURA: Uji wenye vikaratasi ndani! Maana kila kitonge nilikivisha kikaratasi chake. Mjomba alikula kwa kijiko, anatema karatasi, anasema asante.

SHANGAZI SOMOE: Mjomba wako ana adabu. Sasa sikiliza. Mafuta ya kokoa yanayeyuka kwenye nyuzi joto kama 34, yaani chini kidogo ya joto la mwili wako. Ndiyo maana chokoleti inalainika ukiitia tu mdomoni. Wewe umeipakata saa nzima na zaidi, ndani ya basi, Desemba. Ulitaka ifanye nini? Wanaotengeneza zile video, nje kwao kuna theluji. Kibaraza chao ni friji.

ZUHURA: Kwa hiyo chokoleti tuisahau?

SHANGAZI SOMOE: Ya nyumbani, ya kula usiku huo huo, fanya. Ya kusafiri, tumia unga wa kokoa, usitumie chokoleti ya kuyeyusha. Unga hauna pa kuyeyukia. Kokoa yenyewe si ya kutoka nje, inalimwa nchini, Kyela kule Mbeya. Lakini mimi kitonge changu cha kwanza hakina hata kokoa. Ni tende na korosho.

ZUHURA: Twende polepole, watu waandike.

SHANGAZI SOMOE: Tende vikombe viwili, umeshatoa kokwa. Na uzitoe kwa mkono, moja moja. Usiamini pakiti iliyoandikwa haina kokwa, jino ni la kwako. Korosho iliyokaangwa kikombe kimoja. Hiliki ya kutwanga nusu kijiko cha chai. Chumvi, ile ya kubana kwa vidole viwili.

ZUHURA: Chumvi kwenye kitamu?

SHANGAZI SOMOE: Bila chumvi utamu wa tende unachosha. Kula kimoja chenye chumvi na kimoja kisicho nayo, utaniambia. Haya, unatwanga korosho kwanza, kwenye kinu, mpaka ziwe chenga. Usizifanye unga, tunataka jino likutane na kitu. Unazitoa, unaponda tende peke yake mpaka zishikane donge moja. Ndipo unarudisha korosho na kukanda kwa mkono.

ZUHURA: Mwenye blenda?

SHANGAZI SOMOE: Atumie, ila tende inanata, itaunguza mota. Aweke kidogo kidogo na kupumzisha. Mimi na kinu changu sijawahi kusubiri umeme urudi.

ZUHURA: Na kama tende ni kavu? Zile zilizobaki tangu Ramadhani?

SHANGAZI SOMOE: Zimwagie maji ya moto, dakika kumi, kisha chuja na uzikaushe kwa kitambaa kisafi. Hapo kwenye kukausha ndipo wengi wanaponzwa. Vitu hivi havipiti motoni, kwa hiyo hakuna cha kuua kilichoingia. Kinachovilinda ni ukavu na sukari. Sukari ikiwa nyingi inayashika maji, ukungu unakosa pa kuanzia. Ukiacha maji yakabaki kwenye tende, umeukaribisha mwenyewe.

ZUHURA: Kisha tunaviringisha.

SHANGAZI SOMOE: Paka viganja mafuta kidogo, viringisha ukubwa wa ndimu changa, kisha tembeza juu ya ufuta uliokaangwa. Ufuta ndio koti letu badala ya chokoleti. Hauyeyuki, na unazuia vitonge visigandane. Kwa vipimo hivyo utapata kama 25.

ZUHURA: Kuna watu Mikindani watatuandikia kwamba hizi ni ladu.

SHANGAZI SOMOE: Ladu ninayoijua mimi ni ya unga na samli. Wao waite watakavyo, mradi wasiite vidonge. Mgeni atadhani ana malaria.

ZUHURA: Turudi kwenye korosho, shangazi. Watu wa mikoa mingine wanadhani huku tunaziokota barabarani.

SHANGAZI SOMOE: Wacha waje. Korosho ghafi inakwenda mnadani, na mkulima anaisubiri hela yake. Wewe wa jikoni unataka iliyobanguliwa. Nunua vipande. Zile nzima nyeupe ni za kuwekea mgeni kwenye kisahani. Vipande vina ladha ile ile kwa bei nafuu, na kinu chako hakitauliza zilikuwa nzima au nusu.

ZUHURA: Na mwenye ghafi nyumbani, abangue mwenyewe?

SHANGAZI SOMOE: Kama hajui, asithubutu. Ganda la korosho lina mafuta yanayounguza ngozi, na moshi wake unachoma macho. Sisi tulikua tunachoma nje, juu ya bati, tunakaa upande upepo unakotoka, halafu tunapaka majivu mikononi kabla ya kugonga. Hata hivyo vidole vilikuwa vinabambuka. Nikiona mtu anataka kuzichoma kwenye jiko la ndani, kwa sababu ya vitonge tu! Anunue robo kilo dukani.

ZUHURA: Mimi nilijaribu mabibo.

SHANGAZI SOMOE: Mabibo?

ZUHURA: Nilisema tende ni za kununua, mabibo yanaoza bure chini ya mikorosho. Nikayakata, nikayaanika, yakakauka vizuri kabisa. Nikayaponda mahali pa tende.

SHANGAZI SOMOE: Ehe. Ulimi ukawaje?

ZUHURA: Kama nimelamba ukuta! Koo lote likakunjamana. Na gauni langu la njano lina doa mpaka leo.

SHANGAZI SOMOE: Doa la bibo hutalitoa, libaki kumbukumbu. Bibo lina ukakasi, na ukilikausha tu ukakasi hauondoki. Kuna wanaoyachemsha kwanza na maji ya chumvi ndipo yakapungua. Lakini sasa umeshaingia kwenye kupika, na sisi tumeahidi watu wepesi.

ZUHURA: Haya, nazi. Wasikilizaji wengi wanapenda kashata, ila wanaogopa ile sukari ya kuchemka.

SHANGAZI SOMOE: Wana haki ya kuiogopa, ikikurukia haitoki kama maji. Hapa hatuchemshi. Chukua kopo moja la maziwa mazito yenye sukari, changanya na vikombe vitatu vya nazi kavu iliyokunwa, ongeza kidogo kidogo mpaka mchanganyiko usinate tena mkononi. Hiliki au vanila. Ukitaka nusu yake iwe ya pinki, tone moja la rangi. Moja, nimesema. Juzi nimeona za mtu zina rangi ya kandambili.

ZUHURA: Nazi kavu ni ile ya pakiti?

SHANGAZI SOMOE: Ya pakiti, au yako mwenyewe. Lakini si mbichi moja kwa moja kutoka kwenye mbuzi. Nazi mbichi kwa joto hili, asubuhi umekuna, jioni inaanza kunuka uchachu. Ikune, itie kwenye kikaango kikavu, moto mdogo sana, geuza geuza mpaka unyevu uishe na isibadilike rangi. Iache ipoe kabisa ndipo uichanganye. Najua mtasema shangazi amewasha jiko. Nimewasha dakika chache, na sijaoka kitu.

ZUHURA: Hizi zinakaa siku ngapi?

SHANGAZI SOMOE: Za nazi, ziweke kwenye friji na uzimalize ndani ya siku chache. Za tende zinavumilia zaidi, kwenye chupa kavu yenye mfuniko unaobana. Kwa hiyo za nazi ni za wageni wa nyumbani, za tende ndizo za basi.

ZUHURA: Nimeelewa fumbo. Na kuna aliyetuuliza kama anaweza kuweka karanga badala ya korosho.

SHANGAZI SOMOE: Anaweza, zinapendeza sana. Ila azichambue kabla ya kukaanga. Iliyosinyaa, yenye ukungu au iliyogeuka rangi, atupe. Kuna sumukuvu, ile sumu inayotengenezwa na ukungu, na kukaanga hakuiondoi yote. Asijidanganye kwamba moto umesafisha. Na nyumba yenye watoto wadogo, usiweke karanga au korosho nzima ndani ya kitonge, mtoto anapaliwa. Saga laini kabisa.

ZUHURA: Na asali? Tende zikikataa kushikana?

SHANGAZI SOMOE: Kijiko kimoja kinatosha. Lakini mtoto ambaye hajatimiza mwaka asipewe chochote chenye asali, hata ya kulamba kidoleni.

ZUHURA: Ile ya biskuti na kokoa tuitaje haraka, maana naona muda.

SHANGAZI SOMOE: Ile hata mtoto wa darasa la tatu anaweza. Biskuti za kawaida gramu 200, zipondeponde ndani ya mfuko. Kokoa vijiko vitatu vya chakula, nusu kopo la yale maziwa, korosho chenga konzi moja. Kanda, viringisha kama mchi, funga kwenye nailoni safi, friji saa mbili, kata vipande. Basi.

ZUHURA: Mimi nikajua utanipa hiyo ya kupeleka Masasi.

SHANGAZI SOMOE: Hiyo ikipata joto inalegea, itafika imekuwa ubao. Wewe beba za tende. Panga tabaka moja, nyunyiza ufuta, weka karatasi, tabaka la pili. Usijaze mpaka juu ukashindilia mfuniko. Na kopo usilipakate!

ZUHURA: Nitaliweka kwenye kapu, chini ya kiti.

SHANGAZI SOMOE: Upande usio na injini. Na ni kopo gani hilo? Lile la mwaka jana?

ZUHURA: Lile lile. Nimelisugua mara tatu, bado lina harufu ya chokoleti.

SHANGAZI SOMOE: Mjomba atalitambua kabla hujalifungua. Lete hapa nilianike juani.