Bastola Yako Haina Kosa

Asanteni, asanteni, kaeni. Mwenyekiti ameniomba nieleze makosa yote ya kulenga kwa bastola pamoja na tiba zake, kwa dakika arobaini. Nimemkubalia kwa adabu, lakini naona wanaonijua wameshaanza kutabasamu kule nyuma. Wanajua nina kosa moja ninalolipigia kelele kila nikipewa kipaza sauti, na leo nitalipigia tena. Hayo mengine yatagawana muda utakaobaki, kama utabaki.

Kanuni za usalama sizirudii. Kila aliyemo humu ana leseni yake na amepita mafunzo. Ambaye mpaka leo hazijui kwa moyo, tafadhali anione pembeni kabla hatujatoka kwenda uwanjani. Sitanii.

Tuanze na ile karatasi. Mnaijua: duara limegawanywa vipande, kila kipande kimeandikiwa dhambi yake. Risasi zikienda chini kushoto, umekaza vidole vyote. Zikienda juu kulia, umesukuma kwa kiganja. Zikienda kulia, kidole gumba kimeingilia. Imebandikwa ukutani karibu kila uwanja wa shabaha, na siku hizi inazunguka kwenye makundi ya WhatsApp pamoja na dawa za kisukari. Watu wanaisoma kana kwamba ni kipimo cha hospitali.

Sasa nawaambia jambo ambalo karatasi yenyewe haisemi. Ilitokana na walengaji wa mashindano, wale wanaosimama ubavu, mkono mmoja kwenye bastola, mwingine mfukoni. Na mkono wenyewe ni wa kulia. Wewe unashika kwa mikono miwili. Mkono wa pili ukishaingia, mengi ya yaliyoandikwa pale yanabadilika. Na wenye shoto inawapasa waigeuze yote, kulia iwe kushoto, ila nimeshawaona wenye shoto wakiisoma hivyo hivyo ilivyo na kujitibu ugonjwa wa mtu mwingine.

Lakini hilo dogo. Kubwa ni kwamba karatasi inasoma tundu, haimsomi mtu. Tundu la chini kushoto linaweza kuletwa na mambo matatu yasiyohusiana, na tiba ya moja haigusi jingine. Halafu tundu moja si ushahidi wa chochote! Piga risasi tano, zote ukilenga pale pale, bila kuhamisha shabaha kufuata lile tundu la kwanza. Zikikaa pamoja mahali pasipo pake, una jambo la kuchunguza. Zikitawanyika ukuta mzima, usiguse karatasi wala bisibisi. Bado hujafikia hatua ya kuwa na kosa moja.

Bisibisi. Hapo ndipo ninapopataka.

Kuna mfanyabiashara mmoja, mtu mzima mwenye heshima zake, alinijia akilalamika kwamba bastola yake inavuta kushoto. Ilikuwa ya milimita tisa, mpya, nzuri kuliko yangu. Alikuwa ameshaipeleka kwa fundi, na fundi amesogeza kilengeo cha nyuma, kile kibao cha kulengea kilicho karibu na jicho, kuelekea kulia, kwa sababu risasi huhamia kule unakohamishia kilengeo cha nyuma. Baada ya hapo zikaanza kukaa katikati, kwa wiki kama mbili hivi. Kisha zikarudi kushoto, tena chini zaidi. Akanunua mpini wa kubadilisha. Akabadilisha aina ya risasi. Alipofika kwangu alikuwa anauliza bei ya bastola nyingine. Wazee walisema mchagua jembe si mkulima, lakini huyu alikuwa tayari kununua na shamba.

Nikamwomba bastola, nikaipiga mimi mwenyewe, taratibu, nimeegemeza mikono juu ya mfuko wa mchanga. Matundu yote yakaenda kulia. Kulia! Akanitazama kwa mashaka, kana kwamba nimemfanyia kiinimacho.

Nikachukua magazini yake, yaani kibweta cha risasi, nikampa mgongo, nikaipakia upya. Nikachanganya risasi za kweli na za bandia, zile za plastiki zisizo na baruti. Yeye hakujua ipi iko wapi. Nikamwambia, "Mzee, piga kama unavyopiga siku zote." Ya kwanza, paa. Ya pili, paa. Ya tatu ilikuwa ya bandia. Pini ikagonga, ta, basi. Hakuna mlio, hakuna teke la bastola kuruka nyuma. Lakini mtutu ulizama chini kushoto kiasi cha upana wa kiganja, macho yamefumbwa, meno yameuma mdomo wa chini, mabega yamepanda mpaka karibu na masikio. Akabaki vile vile nukta mbili tatu. Kisha akafumbua macho, akaitazama bastola inakoelekea, akaniuliza polepole, "Mwalimu, hii nimeifanya mimi?"

Wewe, mzee wangu. Nani mwingine? Tulikuwa wawili tu.

Hilo ndilo kosa lenyewe: kushtuka kabla ya mlio. Mwili unajua mlio unakuja, unajua teke linakuja, basi unajihami mapema. Mtoto anayesubiri sindano hufumba macho na kukaza misuli kabla nesi hajamgusa. Ndivyo inavyokuwa hapa, tofauti ni kwamba mtoto hana bastola mkononi. Na ukipiga risasi za kweli mfululizo hutaliona kamwe, kwa sababu teke linakuja papo hapo na kulificha. Bastola inaruka juu, unadhani umeiona ikiruka kutoka pale ulipolenga. Kumbe ilisharuka kutoka kule ulikoizamisha.

Kuna anayesema, nao wako wengi: "Mwalimu, mimi nashtuka baada ya mlio, siyo kabla." Haiwezekani ikaharibu shabaha, ndugu yangu. Tangu baruti iwake mpaka risasi ya milimita tisa itoke kwenye mtutu haifiki hata sehemu moja ya elfu ya sekunde. Mwanadamu akisikia mlio, mikono yake inahitaji zaidi ya sehemu ya kumi ya sekunde kuitikia. Kwa hiyo ukishtuka baada ya mlio, risasi imeshafika ilikokuwa inakwenda na tundu limeshatoboka. Kilichoharibu kilitangulia.

Mwingine, mjanja zaidi, ataniambia ameona video za mabingwa wa kupiga haraka: bastola ikikwama, mtutu wao nao unazama. Ni kweli, unazama. Lakini wale wanaurudisha mtutu baada ya risasi kutoka, ili wawahi ya pili, na wana miaka ya kulipanga hilo kwa kipimo cha nukta. Matundu yao yapo katikati. Ya kwako yakiwa katikati, zamisha utakavyo, sitasema neno.

Sasa sikilizeni sehemu ambayo karatasi ya ukutani haiwezi kuwapa. Kukaza vidole vyote kwa pamoja wakati kidole cha shahada kinavuta kifyatulio, nako hupeleka risasi chini kushoto. Utatofautishaje na kushtuka? Bastola iwe tupu, umehakikisha kwa jicho na kwa kidole, risasi ziko chumba kingine. Fyatua ukitazama kilengeo cha mbele. Kikitikisika hata hapo, ambapo unajua wazi hakuna kitu ndani, tatizo ni vidole, ni namna unavyoshika na kuvuta. Kikitulia tuli ukijua ni tupu, halafu kikazama ukiwa hujui kama ndani mna risasi ya kweli au ya bandia, basi vidole vyako havina hatia. Tatizo ni woga. Nasema woga na simtukani mtu. Mwili wenye akili timamu unaogopa mlipuko unaotokea mbele ya uso wake.

Na kwa nini vidole vinasumbua kiasi hicho? Chukueni Glock 17, ambayo wengi humu mnayo. Hata ikijaa risasi haifiki kilo moja. Kifyatulio chake kinataka nguvu ya kilo mbili na nusu hivi. Unavuta kwa kidole kimoja nguvu inayozidi uzito wa chombo chenyewe mara mbili na zaidi, na unataka chombo kisisogee. Kinachokizuia ni vidole vilivyobaki na mkono wa pili, hasa huo wa kushoto. Kwa hiyo nikiwaambia kazeni mkono wa kushoto kuliko wa kulia, siyo ushirikina.

Hapa mtu hunyanyua kidole: "Mwalimu, lakini mkono wangu unatetemeka." Unatetemeka, ndiyo! Wangu pia. Fanyeni hesabu. Bastola yote ikihama sentimita moja kwenda kushoto bila kupinda, tundu nalo linahama sentimita moja, yamekwisha. Lakini vilengeo vya bastola niliyoitaja vimeachana milimita 165 hivi. Kilengeo cha mbele kikipotoka milimita moja tu kuhusiana na cha nyuma, kwenye mita 10 tundu linahama milimita 60. Kutetemeka kwa kawaida kunakugharimu sentimita moja mbili. Ule mnyakuo wa mwisho, unaponyakua kifyatulio kwa sababu umeona vilengeo vimekaa sawa kwa bahati na hutaki kuikosa, ndio unaokugharimu kiganja kizima. Acha utetemeke, vuta kifyatulio moja kwa moja mpaka mwisho. Wanaosubiri mkono utulie kabisa ndio wanyakuzi wakubwa.

Na msiniambie mmezaliwa hivyo. Károly Takács wa Hungaria alikuwa mlengaji wa mkono wa kulia. Mwaka 1938 bomu la mkono likauharibu mkono huo mazoezini jeshini. Akajifunza upya kwa kushoto, akachukua dhahabu ya Olimpiki ya bastola London mwaka 1948, akairudia Helsinki mwaka 1952. Wewe mikono yote miwili ni mizima na unamlaumu mjomba wako kwa kukurithisha mishipa mibovu.

Mwingine atanitajia yule Mturuki wa Paris 2024, Yusuf Dikeç, aliyesambaa dunia nzima kwa kusimama na fulana yake, mkono mfukoni, akaondoka na medali ya fedha. Ninampenda sana. Ila kumbukeni, ile ni bastola ya hewa kwenye mita 10, haina teke la kuogopwa, na kanuni za mchezo zinaruhusu kifyatulio cha gramu 500. Na alikuwa ameanza kushiriki Olimpiki tangu Beijing 2008. Mkono mfukoni mnauiga wote. Miaka 16 hakuna anayeiiga.

Tiba. Kwanza, masikio. Nusu ya woga unaingia kwa masikio, kwa hiyo vaa viziba vya ndani ya sikio na juu yake vile vikubwa vya kufunika, hasa ukiwa chini ya paa. Nimeona mtu akinyooka kwa hilo peke yake. Pili, ondoa shabaha. Karibia tuta la mchanga, hapana karatasi, hapana duara, piga ukiwa na kazi moja tu: kuiona slaidi, ile sehemu ya juu ya bastola, ikirudi nyuma kwa macho yako. Ukishindwa kuiona, ulifumba. Tatu, risasi za bandia, na ni mwenzako anayepakia, siyo wewe. Ukijipakia mwenyewe utakumbuka mpangilio, hata ukijifanya hukumbuki. Anza na za bandia nyingi na ya kweli moja. Nyumbani, bastola tupu, weka sarafu ya shilingi mia juu ya slaidi karibu na kilengeo cha mbele, fyatua isianguke. Dakika kumi, basi. Ukichoka unajifundisha uzembe.

Mwenyekiti ananionyesha saa. Nimemwona.

Haraka basi. Matundu yanayopangana kwa wima, juu na chini, mara nyingi ni macho yanayoruka kutoka kilengeo cha mbele kwenda kwenye shabaha ili kuona tundu. Acha uchunguzi, tundu halikimbii. Waliovuka miaka arobaini, kilengeo cha mbele kinawafifia, na hilo ni la daktari wa macho: mweleze unataka kuona sawasawa mwisho wa mkono ulionyooshwa. Jicho lipi linatawala, jipimeni: unganisheni viganja mbele yenu mkiacha upenyo mdogo, tazameni kitu cha mbali kupitia hapo, fumbeni jicho moja moja. Kitu kikipotea ukifumba la kulia, la kulia ndilo bwana. Vilengeo vya nukta nyekundu, vizuri, vinaonyesha kila mtikisiko wako bila huruma, lakini havitibu kushtuka. Kuhusu kuchomoa kutoka kwenye ala nilikuwa na mengi, hayo tutaonana siku nyingine.

Kilengeo cha nyuma kinaguswa lini? Ukishapiga makundi matatu yaliyobanana mahali pamoja, mikono imeegemea, na mtu mwingine anayejua kazi akapata hayo hayo kwa bastola hiyo hiyo. Kabla ya hapo bisibisi ikae kwenye sanduku.

Maswali nitayajibu uwanjani. Tunatoka kwa zamu, wawili wawili. Bastola zibaki kwenye ala, magazini zote ziacheni tupu hapa mezani, na kila mmoja atapakiliwa na mwenzake. Yule bwana wa shati la bluu aliyekuwa anacheka muda wote, wewe utaanza na mimi.