Msiba wa Singasinga: kutoka kitandani hadi ukurasa wa 1,430

Mabibi na mabwana, nianzie mochwari, maana ndipo mambo yanapoharibikia. Mhudumu, kwa nia njema kabisa, anamvua marehemu bangili, anampunguza ndevu apendeze. Singasinga aliyeingia Khalsa, yaani jumuiya ya waliopokelewa rasmi katika imani, havuliwi vitu vyake vitano: nywele zisizokatwa, kichana cha mbao, bangili ya chuma, kaptula ya ndani na kirpan, kile kisu chake. Anakwenda navyo motoni. Bangili haiungui, itakutwa kwenye jivu. Ila matanuru ya kisasa yana masharti kuhusu vyuma, kwa hiyo familia iulize mapema, siyo jeneza likiwa limeshafika mlangoni.

Kumuosha ni kazi ya jamaa. Nywele zinaoshwa, zinachanwa, zinafungwa fundo utosini. Anavikwa nguo safi. Inasomwa dua ya Ardas, ndipo jeneza linyanyuliwe.

Mwongozo wao, Sikh Rehat Maryada, uliidhinishwa mwaka 1945. Ukifika sehemu ya kifo unakuta makatazo tele, na karibu yote yanalenga mila za majirani zao Wahindu wa Punjab, chimbuko la Masingasinga. Mgonjwa mahututi asishushwe kitandani akalazwa sakafuni. Isiwashwe taa, asitolewe ng'ombe sadaka. Chungu kisivunjwe njiani. Fuvu lisitobolewe kwa fimbo moto ukiwa umekolea. Kupiga kifua na kuomboleza kwa mayowe, hapana. Saa mbaya ya kuchoma maiti haipo, iwe mchana au usiku, na hata mtoto mchanga huchomwa.

Moto huwashwa na mwana, au ndugu yeyote, au rafiki. Ukishashika vizuri, watu waliokaa pembeni husoma Kirtan Sohila. Hapa naomba mtulie kidogo. Hiyo si sala ya msiba. Ndiyo sala ambayo Singasinga huisoma kila usiku anapotaka kulala. Maisha yake yote amekuwa akiisoma, na leo anasomewa. Kifo kwao ni hukam, amri ya Mungu, na roho iliyokomaa hurudi kwake kama mwanga unavyoingia katika mwanga. Isiyokomaa huzaliwa tena. Ndiyo maana mwili haujengewi kitu: jivu lote, pamoja na mifupa, linamwagwa kwenye maji yanayotiririka, au linafukiwa palepale na ardhi kusawazishwa. Kuokota mifupa na kuipeleka Kiratpur, kwenye mto Sutlej, mwongozo umekataza kwa jina. Watu wanaipeleka hata hivyo.

Wakitoka kuchoma maiti huanza kusoma Guru Granth Sahib, kitabu chao kitakatifu, nyumbani au gurdwara, hekalu lao. Kitabu kina kurasa 1,430, na lengo ni kumaliza siku ya kumi, yaani kurasa 143 kwa siku. Msomaji mwepesi huchukua kama dakika 2 kwa ukurasa, basi hesabuni saa 5 kila siku. Familia nyingi hukwama hapa: wanaanza siku ya tatu, kisha wanakodi wasomaji wafidie, ilhali wanaotakiwa kusoma ni wafiwa wenyewe, kadiri wanavyoweza. Siku ya kumi ikishindikana, ichaguliwe nyingine. Siku hiyo hugawiwa karah prashad, halua ya unga wa ngano, sukari na samli kwa vipimo sawa. Baada ya hapo hakuna arobaini.