Gemu Zilizoondolewa Dukani: Nani Ana Nakala?

Mabibi na mabwana, asanteni kwa kufika. Nianze na gemu moja.

Mwaka 1986 Sega ilileta kwenye kumbi za michezo mashine ya OutRun, kazi ya Yu Suzuki: gari jekundu linalofanana na Ferrari Testarossa, bahari kando, na njia panda mbele ya dereva. Mwaka 2009 ukaja mzao wake, OutRun Online Arcade, wa Xbox 360 na PlayStation 3, konsoli yaani mashine za kuchezea gemu nyumbani, uliotengenezwa na Sumo Digital ya Uingereza. Uliuzwa kwa kupakuliwa tu, bila diski. Kufikia mwisho wa 2011 ulikuwa umeondolewa kwenye maduka ya mtandaoni, kwa sababu leseni ya Sega ya kutumia magari ya Ferrari ilikuwa imekwisha muda. Gemu yenyewe ilikuwa nzima kabisa.

Gemu nyingine, Scott Pilgrim, iliondolewa mwishoni mwa 2014, ikarejeshwa Januari 2021 baada ya wapenzi wake kuidai miaka yote hiyo. Lakini Turtles in Time Re-Shelled ya 2009, gemu ya zamani iliyochorwa upya, iliondolewa 2011 na haijarudi. Mkusanyiko wa gemu uliotoka 2022 ulirudisha ile ya awali ya 1991. Hii iliyochorwa upya imeachwa.

Watu huniambia, si tunakili faili tu? Hapa naomba mnisikilize vizuri. Chukua faili ya gemu hizo kutoka Xbox 360 moja, iweke kwenye nyingine. Itafunguka, picha zitatokea, muziki utapiga, halafu utakuta ni toleo la majaribio, la kuonjesha tu, si gemu kamili. Mashine inatafuta leseni, na leseni imefungwa kwa mambo mawili: konsoli iliyonunulia gemu, na akaunti ya mnunuzi. Konsoli ikiungua, inabaki akaunti, nayo inahitaji seva za kampuni ziitikie. Kwa hiyo mwenye faili peke yake bado hajahifadhi gemu.

Duka la mtandaoni la Xbox 360 lilifungwa tarehe 29 Julai 2024. Walionunua waliruhusiwa kuendelea kupakua vyao, na ruhusa hiyo inategemea hiari ya Microsoft, kampuni yenye Xbox. Mimi siwezi kuuita huo uhifadhi.

Maktaba nazo zimefungwa mikono. Oktoba 2024 Ofisi ya Hakimiliki ya Marekani ilikataa ombi la kuziruhusu maktaba kuwafungulia watafiti gemu za zamani kwa mbali. Naona uamuzi ule ni mbaya sana. 

Basi mwenye konsoli hizi nyumbani aiwashe wiki hii. Ingia kwenye orodha ya ulivyonunua, pakua kila kilichoondolewa dukani pamoja na masasisho yake, na uandike ni toleo namba ngapi. Rekodi video ya mchezo mzima, menyu zikiwemo. Na konsoli hiyo usiiuze kwa bei ya chuma chakavu: leseni imo ndani yake.