Ichezeshe singeli filamu ya mwaka 1951

Haya wadau, karibuni. Leo tunachukua filamu kuukuu, tunaikatakata, tunaichezesha singeli.

Picha kwanza. Ingia archive.org, tafuta mkusanyo wa Prelinger: umejaa matangazo, filamu za viwandani na za kufundishia shuleni. Mimi nimechukua Duck and Cover, iliyotengenezwa 1951 kwa ajili ya idara ya ulinzi wa raia ya Marekani. Watoto wanafundishwa kujitupa chini ya dawati bomu la atomiki likilipuka. Haina hakimiliki, ipakue bila wasiwasi. Muziki ni habari nyingine, biti ya mtu inaombwa ruhusa. Hii yangu nimeipika mwenyewe kwenye LMMS, programu ya bure, tempo 200, yaani mapigo 200 kwa dakika.

Sasa tulieni hapa, ndipo kazi ilipo. Fungua Kdenlive, programu ya kuhariri video, weka mradi kwenye fremu (picha moja moja za video) 30 kwa sekunde. Kwa nini 30? Kwa tempo 200, pigo moja linachukua sekunde 0.3, yaani fremu 9 kamili. Ukiweka 25 unapata 7.5, na nusu fremu haikatiki. Mkato na ngoma vitaanza kuachana kidogo kidogo, kama mtu anayepiga makofi nje ya wimbo.

Tafuta mtoto anayeinama. Mshale wa kulia kwenye kibodi unasogeza fremu moja moja. Hesabu 9, kata mwanzo na mwisho kwa Shift na R. Nakili kipande, nakala igeuze iende kinyumenyume. Panga: chini, juu, chini, juu. Mnaona? Aliyekuwa anakimbia bomu sasa anacheza. Mara ya kwanza nilicheka, halafu kicheko kikanikauka.

Usivuke mapigo 16, jicho linachoka. Hapo weka shoti moja ndefu ya mapigo 8, fremu 72, na juu yake zima biti kabisa. Acha sauti ya msimulizi na mwendo wa asili. Woga unarudi. Biti iingie fremu ya 73, si kabla.

Efekti za michirizi ya uongo achaneni nazo, filamu hii ina michubuko yake.

Toa mp4, itazame kwa simu ukiwa na spika za masikioni. Angalia mkato wa mwisho kabisa. Ukiachana na ngoma, rudi kwenye mpangilio wa mradi; mara nyingi utakuta 25 imejiweka yenyewe.