Jinsi ya Kusikiliza Mechi za Magongo ya Barafuni Mubashara, Redioni na Mtandaoni

Habari zenu watazamaji, karibuni tena. Leo kazi ni ya masikio. Nitakuonyesha namna ya kusikiliza mechi ya magongo ya barafuni wakati ule ule inapochezwa, iwe kwa simu, kwa kompyuta au kwa redio ya kawaida ya betri. Nitatumia zaidi NHL, ligi ya timu 32 za Marekani na Kanada, kwa kuwa kila timu humo ina watangazaji wake wa redio. Utakachojifunza kwa NHL utakitumia kwa ligi nyingine bila shida.

Najua kuna atakayeuliza: video zipo, sauti ya nini? Video za ligi hii zimefungwa kwa mikataba. Huku unalipia, kule unaambiwa eneo lako haliruhusiwi. Sauti ina milango mingi zaidi, na mingi ni ya bure. Halafu kuna bando. Matangazo ya sauti ya kilobiti 64 kwa sekunde hula kama megabaiti 29 kwa saa, kwa hiyo mechi nzima ya saa mbili na nusu haifiki megabaiti 80. Kiasi hicho hicho kwenye video kinakwisha ndani ya dakika chache, wachezaji hata hawajatoka jasho.

Kabla hatujabonyeza chochote, elewa jambo moja ambalo wengi hulikosa. Mechi moja kwa kawaida ina matangazo mawili ya redio: ya wenyeji na ya wageni. Mtangazaji wa timu ya Boston ni wa Boston, hajifichi. Boston wakifungwa utasikia sauti imenywea. Wakifunga, shusha sauti mapema uyaokoe masikio yako. Kwa hiyo swali lako la kwanza liwe "namtaka mtangazaji wa nani?" Ukishajua hilo, kutafuta programu au kituo kunakuwa rahisi.

Tuanze na saa, maana hapa ndipo watu wanapokosa mechi. Mechi nyingi za upande wa mashariki huanza saa 1 usiku kwa saa za New York au Toronto. Fungua mipangilio ya saa kwenye simu, nenda kwenye saa za dunia, ongeza New York. Ongeza na Los Angeles, kwa sababu miji ya pwani ya magharibi ya Marekani iko nyuma ya New York kwa saa 3. Sasa angalia mtego wenyewe: New York iko nyuma ya UTC, ile saa ya kimataifa ambayo saa za nchi zote hupimwa nayo, kwa saa 5 wakati wa baridi, lakini kuanzia Jumapili ya pili ya Machi mpaka Jumapili ya kwanza ya Novemba inakuwa saa 4. Msimu huanza Oktoba, ratiba za mechi za kawaida zinakwisha Aprili, kwa hiyo saa hubadilika mara mbili katikati ya msimu. Machi ikifika, mechi uliyozoea kuisikiliza saa 6 usiku kwa UTC itakuwa saa 5. Tarehe nayo huweza kugeuka: Jumamosi usiku kwao ni Jumapili tayari kwa wengi wetu. Ukiweka kengele, iweke kwa saa ya mji wa mechi, simu ifanye hesabu yenyewe.

Haya, sasa tuingie kwenye programu rasmi ya NHL. Ipakue kutoka kwenye duka la programu la simu yako. Ukiifungua, nenda kwenye orodha ya mechi za siku, gusa mechi unayoitaka. Tazama hapa kwenye skrini: natafuta alama ya hedifoni au neno Listen. Muonekano hubadilika programu inaposasishwa, kwa hiyo usishangae alama ikiwa imehamia kona nyingine. Ukiigusa utaletewa chaguo la wenyeji na wageni. Chagua mtu wako. Kusikiliza sauti hakuhitaji kulipia kifurushi cha video, kwa hiyo ukiona ukurasa unakuomba kadi ya benki, umeingia mlango wa video, rudi nyuma.

Fungua dakika kumi kabla ya mechi. Kabla ya hapo mara nyingi kunakuwa kimya na unaweza kudhani programu imeharibika.

Ukishapata sauti, usiiache simu hivi hivi. Simu nyingi huzima programu zinazofanya kazi nyuma ya skrini ili kutunza betri. Ingia kwenye mipangilio, fungua sehemu ya betri, tafuta jina la programu, iruhusu ifanye kazi bila kizuizi. Kisha funga skrini usubiri dakika mbili. Kama sauti bado ipo, umemaliza. Afadhali ujue sasa kuliko sauti ikatike mtu akiwa amebaki na kipa.

Tuje kwenye tovuti ya timu na kituo cha redio chenyewe. Kila timu ina ukurasa unaotaja kituo chake. Chicago Blackhawks husikika WGN, AM 720 (AM ni yale mawimbi ya kati ya redio). Boston Bruins wako 98.5 FM. Buffalo Sabres wako WGR, AM 550. Montreal ni raha kwa mwenye lugha mbili: kwa Kifaransa wako 98.5 FM, kwa Kiingereza TSN 690. New York Islanders wana kisa kizuri kuliko wote: mechi zao zinarushwa na WRHU, 88.7 FM, redio ya Chuo Kikuu cha Hofstra, na wanafunzi ndio wanaofanya kazi nyingi za matangazo hayo. Nakushauri uisikilize hata kama timu yenyewe huishabikii.

Angalizo kubwa hapa. Unaweza kufungua tovuti ya kituo wakati wa mechi ukakuta watu wanajadili mpira wa kikapu, au tangazo la magari linajirudia. Hujakosea kituo. Haki za kurusha mechi hewani na haki za kuirusha kwenye intaneti ni vitu viwili, na vituo vingi haviruhusiwi kuitoa mechi kwa intaneti nje ya eneo lao. Antena ya mjini inatoa mechi, tovuti inatoa kipindi kingine. Ikikutokea hivyo, usipoteze muda kufungua na kufunga ukurasa. Rudi kwenye programu ya ligi, au nenda kwenye programu ya timu. Zipo timu zilizogeuza mambo kabisa: San Jose Sharks waliachana na kituo cha redio mwaka 2021 wakaanzisha matangazo yao ya mtandaoni. Ukizungusha redio kutwa nzima kuwatafuta hutawapata.

Kwa aliyeko Marekani au Kanada, ipo pia redio ya setelaiti ya SiriusXM, ambayo ni ya kulipia na ina chaneli nzima ya ligi hii, namba 91. Kama unaendesha gari masafa marefu ina faida. Kama unakaa nyumbani, sioni sababu ya kuilipia kwa ajili ya magongo peke yake.

Sasa sehemu ninayoipenda mimi: redio ya kawaida usiku. Chukua redio yenye AM. Mchana utapata vituo vya karibu tu, kwa kuwa tabaka la chini la anga lenye chaji za umeme hunyonya mawimbi ya kati. Jua likizama tabaka hilo hutoweka, mawimbi yanapanda juu zaidi, yanagonga tabaka jingine na kurudishwa ardhini mbali sana. Ndiyo maana WGN, yenye nguvu ya wati 50,000, husikika usiku kwenye majimbo mengi mbali na Chicago. Na mechi huchezwa lini? Usiku. Unaona bahati hiyo?

Ukiwa kwenye eneo linalofikiwa, fanya hivi. Weka redio karibu na dirisha. Zima taa za LED na chaja zilizo jirani, hizo ndizo zinazoleta ule mlio wa nyuki. Kisha izungushe redio yenyewe taratibu, siyo kitufe cha masafa. Antena ya AM imefichwa ndani, nayo inasikia vizuri upande mmoja kuliko mwingine. Sauti itapanda na kushuka yenyewe, ndivyo mawimbi ya usiku yalivyo, vumilia.

Uko mbali na bara hilo? Kuna njia ya wapenda redio. Watu wenye vipokezi vinavyoitwa KiwiSDR wameviunganisha kwenye intaneti, na vingi viko wazi kwa umma. Fungua ramani ya vipokezi hivyo kwenye kivinjari, chagua kimoja kilicho kati ya Chicago na pwani ya mashariki, andika 720, chagua AM. Unasikiliza redio ya mtu mwingine kwa antena yake, pamoja na mikwaruzo yake. Baadhi vina kikomo cha muda kwa kila msikilizaji, kwa hiyo weka kipokezi cha pili tayari kwenye dirisha jingine.

Ligi za vijana za Kanada na ligi ndogo za Marekani sitazikalia sana. Fungua tovuti ya timu, nenda kwenye ratiba, tafuta alama ya spika au hedifoni pembeni ya mechi. Mara nyingi mtangazaji ni mtu mmoja na maikrofoni yake, hana msaidizi, na wengine wanafanya kazi nzuri kweli.

Kuna wanaotaka kutazama picha kwenye televisheni huku wakisikia mtangazaji wa redio. Inawezekana, ila sauti na picha hazitalingana. Redio ya antena kwa kawaida hutangulia televisheni. Redio ya intaneti inaweza kuchelewa kwa nusu dakika au zaidi, kwa sababu sauti hukatwa vipande na kuhifadhiwa kidogo kabla ya kukufikia. Zima sauti ya televisheni. Subiri mwamuzi adondoshe kisahani, kile kinachopigwa kwa magongo badala ya mpira, kwa sababu tukio hilo linaonekana na kusikika waziwazi. Kilichotangulia kisimamishe kidogo mpaka kingine kifike, kisha kiachie. Na jamani, zima arifa za magoli kwenye simu. Hakuna kinachoudhi kama simu kukutangazia goli ambalo mtangazaji wako hajalifikia.

Umepata sauti, sasa usikilize nini? Chora uwanja kwenye karatasi: mstatili wenye kona za mviringo, mistari miwili ya buluu, mstari mwekundu katikati, goli kila upande. Mwanzo wa kila kipindi mtangazaji mzuri wa redio atakwambia timu ipi inashambulia kutoka kushoto kwenda kulia. Weka mshale kwenye karatasi yako. Kipindi kikibadilika, mshale unageuka. Vipindi ni vitatu, dakika 20 kila kimoja.

Utasikia "pawa plei": mchezaji wa upande mmoja ametolewa kwa kosa, mara nyingi dakika 2, na wapinzani wako wengi zaidi barafuni. Hapo sogea karibu na redio. Utasikia "aisingi": mtu amekipiga kisahani kutoka nyuma ya mstari wa katikati hadi kuvuka mstari wa goli upande wa pili, mchezo unasimama. "Feisofu" ni pale mwamuzi anapodondosha kisahani kati ya wachezaji wawili. Na "sloti" ni eneo lililo mbele ya goli. Kisahani kikitajwa kiko sloti, jiandae.

Watangazaji hawafanani. Timu kama Buffalo na Dallas kwa miaka mingi zimetumia watu wale wale kwa televisheni na redio kwa pamoja. Ni mahodari, lakini mtu anayejua kuwa wengi wanaona picha hukuachia mapengo. Kama ndiyo unaanza, mchague mtangazaji wa redio tupu. Kazi hiyo ina umri mkubwa: mechi za kwanza zilirushwa redioni Kanada mwaka 1923, na Foster Hewitt wa Toronto, aliyetangaza kutoka kibanda kilichoning'inia juu ya uwanja wa Maple Leaf Gardens uliofunguliwa 1931, ndiye aliyeufanya usemi wa "anapiga, anafunga!" ujulikane nchi nzima.

La mwisho, mechi za mtoano. Kwa Marekani, televisheni za mitaa hupoteza mechi baada ya raundi ya kwanza, zinachukuliwa na vituo vya taifa. Redio ya timu haiguswi. Mtangazaji uliyemzoea tangu Oktoba unaye mpaka fainali ya Kombe la Stanley mwezi Juni. Na kwenye mtoano hakuna penalti za kuamua mshindi: sare ikibaki, wanaongeza kipindi cha dakika 20, na kingine, na kingine, hadi mtu afunge. Machi 1936 Detroit na Montreal Maroons walifika kipindi cha sita cha nyongeza kabla Detroit hawajapata goli moja la ushindi, saa nane usiku imepita. Kwa hiyo ikifika dakika za mwisho na matokeo ni sare, chomeka chaja, angalia salio la bando, na kama unatumia kipokezi cha mtandaoni, fungua kile cha akiba sasa hivi.