Jinsi ya kuingiza vocha ya gemu kwenye PS3 bila kuipoteza

Mbukwenyi ndugu zangu, karibuni sana. Saa hizi ni saa tatu usiku, niko mbele ya kamera kwenye fremu yangu hapa Majengo, Dodoma, na juu ya meza nina PS3, yaani PlayStation 3, mashine ya gemu ya kampuni ya Sony. Ni ya mpwa wangu. Mama yake mdogo aliyeko Marekani amemtumia vocha ya dola 25, na kijana amekuja nayo ikiwa haijakwanguliwa. Hapo amenifurahisha kweli. Wengi mnaniletea vocha imeshakwanguliwa, imeshaingizwa kwenye akaunti ambayo hata neno la siri lake hamlijui, na hapo msaada wangu unakuwa mdogo.

Kwa hiyo naomba leo tusikimbilie kukwangua. Iweke vocha pembeni. Tutaigusa mwishoni kabisa.

Kwanza nieleze kwa nini tunahangaika na vocha. Tangu Oktoba 2021, PS3 haipokei tena kadi ya benki wala PayPal, ile huduma ya kulipia mtandaoni. Pesa inaingia kwa vocha, au unaiweka kwenye akaunti yako kupitia simu au kompyuta, halafu unaikuta kwenye mashine. Na gemu zenyewe za PS3 usizitafute kwenye simu, hazipo huko. Zinanunuliwa kwenye PS3 yenyewe. Mwaka huohuo wa 2021 Sony walitangaza kwamba duka la mtandaoni la PS3 lingefungwa tarehe 2 Julai. Watu wakalalamika dunia nzima, na mwezi Aprili wakabadili uamuzi. Wenzetu wa Wii U na 3DS, mashine za gemu za Nintendo, hawakupata bahati hiyo, duka lao lilifungwa Machi 2023. La Xbox 360, mashine ya Microsoft, likafuata Julai 2024. Ndiyo maana nawaambia, mwenye vocha ndani ya droo asiiweke akiba ya Krismasi.

Haya, washa mashine. Pedi iunganishe kwa waya ikiwa chaji ni ndogo, usije ukazimikiwa katikati ya kuandika.

Jambo la kwanza ni nchi ya akaunti, na hapa nitakaa kidogo kwa sababu ndipo vocha nyingi zinapokwama. Unapofungua akaunti ya PlayStation unaulizwa nchi, na Tanzania haimo kwenye orodha. Kwa hiyo akaunti nyingi zilizoko mitaani kwetu ni za Marekani, Uingereza, Afrika Kusini au Falme za Kiarabu, kutegemea nani aliifungua. Ukishachagua, haibadiliki. Na vocha nayo ina nchi yake, imeandikwa kwenye kadi. Vocha ya Uingereza haiingii kwenye akaunti ya Marekani, hata uandike kwa umakini namna gani.

Utajuaje akaunti yako ni ya wapi? Ingia dukani uangalie bei. Ukiona pauni, ni Uingereza. Ukiona randi, ni Afrika Kusini. Lakini ukiona dola, usishangilie bado! Akaunti ya Falme za Kiarabu nayo inaonyesha bei kwa dola, na vocha ya Marekani inaikataa. Mashine nyingi zinazofika hapa zimepitia Dubai, na mara nyingi aliyeuza ndiye aliyefungua akaunti hukohuko. Mwaka jana kijana mmoja kutoka Chang'ombe alikuja karibu analia, ameandika vocha yake mara sita, kila mara inakataliwa. Namba zilikuwa sahihi kabisa, na bei dukani zilikuwa za dola. Tulipoingia kwenye akaunti yake kwa simu, upande wa taarifa binafsi, tukakuta nchi ni Falme za Kiarabu. Habari njema ni kwamba vocha iliyokataliwa kwa sababu ya nchi haijaungua, bado ni nzima. Kaka yake alikuwa na akaunti ya Marekani, tukaiingiza huko. Basi na wewe angalia huko, kwenye taarifa za akaunti, usitegemee alama ya dola peke yake.

Ya huyu mpwa wangu nimeshaiangalia, ni ya Marekani, na vocha ni ya Marekani. Tunaendelea.

Jambo la pili, intaneti. Hapa kwangu natumia hotspoti ya simu, kama wengi wenu. PS3 inaona Wi-Fi ya 2.4 GHz tu. Simu za siku hizi zinaweza kurusha hotspoti kwa 5 GHz, na hapo utatafuta jina la simu yako kwenye kioo usilione kabisa, udhani mashine imekufa. Fungua mipangilio ya hotspoti kwenye simu, chagua 2.4 GHz. Kwa wenye iPhone, washa kile kitufe cha "Maximize Compatibility". Rudi kwenye PS3, tafuta tena. Naam, imetokea. Mtandao ukikubali lakini ikakuletea kosa namba 80710102, tatizo liko kwenye DNS, ile huduma inayotafuta anwani za tovuti. Nenda kwenye mipangilio ya mtandao, chagua kuweka mwenyewe, andika 8.8.8.8 na ya pili 8.8.4.4.

Tatu, saa na tarehe. Ndani ya PS3 kuna betri ndogo ya duara, CR2032, inayotunza saa mashine ikiwa imechomolewa. Mashine hizi zina miaka mingi, betri imekwisha, na umeme ukikatika tarehe inarudi nyuma miaka na miaka. Tarehe ikiwa mbovu, kuingia kwenye akaunti kunasumbua. Nenda kwenye safu ya Settings, shuka mpaka saa na tarehe, ambia mashine ichukue saa kwenye intaneti.

Nne, programu ya mashine iwe ya karibuni, vinginevyo hairuhusiwi kuingia. Kifurushi chake kina kama MB 200. Kama bando ni dogo, shusha kwenye kompyuta ya rafiki kutoka tovuti ya PlayStation, weka kwenye flashi iliyofomatiwa kwa mfumo wa FAT32. Tengeneza folda iitwe PS3, ndani yake folda iitwe UPDATE, na ndani ya hiyo weka faili la PS3UPDAT.PUP. Herufi kubwa zote. Ukiandika kwa herufi ndogo mashine inaweza kukwambia haikuona kitu.

Hapa naomba nisimame niseme na wenye mashine zilizochakachuliwa. Kama PS3 yako ilifunguliwa ili icheze gemu za kunakili, usiisasishe na usiingie nayo kwenye mtandao wa PlayStation. Inaweza kufungiwa, na akaunti nayo ikafungiwa, pamoja na pesa ya vocha iliyomo. Kama hujui hali ya mashine yako, mpelekee fundi aiangalie kwanza.

Sasa tuingie kwenye akaunti. Safu ya PlayStation Network, kisha kuingia, barua pepe, neno la siri. Kama kwenye akaunti yako uliwasha ulinzi wa hatua mbili, ule wa kutumiwa namba kwenye simu, neno lako la kawaida litakataliwa hapa. PS3 ni ya zamani, haina pa kuandika namba ile. Dawa yake iko kwenye tovuti ya PlayStation: ingia kwenye akaunti yako, upande wa usalama, tafuta "Device Setup Password". Itakutengenezea neno refu lisilo na maana, liandike kwenye PS3 mahali pa neno la siri. Usizime ulinzi wako kwa ajili ya hili, wezi wa akaunti wapo.

Tumeingia. Sasa ndiyo tunakwangua.

Leta vocha karibu na kamera. Unaona huu utando wa kijivu? Msiutendee kama vocha ya simu ya zamani. Mimi niliwahi kukwangua kwa ncha ya ufunguo, kwa haraka, na herufi ya nane ikaondoka pamoja na utando. Nikabaki nabahatisha usiku kucha kama ni B, 8 au 3. Tangu siku hiyo natumia ukingo wa sarafu ya shilingi 200, nimeilaza, nakwenda polepole kwa upande mmoja. Hivi. Taratibu. Vumbi lake pulizia mbali na mashine, PS3 zetu za Dodoma zina vumbi la kutosha tumboni.

Kabla ya chochote, piga picha namba hizi, picha inayosomeka, ubaki nayo mwenyewe. Usiitume kwenye kundi la WhatsApp kuuliza "hii inaingizwaje", maana atakayesoma wa kwanza ndiye atakayeitumia.

Msimbo una herufi na tarakimu 12, zimegawanywa nne nne. Ukishazoea tarakimu 20 za LUKU, hizi 12 hazitakutisha. Tofauti ni kwamba hapa herufi zimechanganyika, kwa hiyo angalia vizuri O na 0, I na 1, S na 5.

Kwenye kioo rudi safu ya PlayStation Network, fungua "Account Management", kisha shuka mpaka "Redeem Codes". Bonyeza X. Kuandika kwa pedi kunachosha na ndiko kunakoleta makosa, kwa hiyo mimi nachomeka kibodi ya kompyuta ya USB hapa mbele. PS3 inaikubali kibodi ya kawaida kabisa. Vistari vya katikati achana navyo. Mpwa wangu ananisomea nne nne, naandika. Tukimaliza anasoma tena kutoka kwenye kadi, mimi nafuata kwa kidole kwenye kioo. Zote zimekubaliana.

Naendelea. Angalia, inatuonyesha msimbo huu ni wa nini: dola 25. Kama wako ni wa gemu moja kwa moja, utaona jina la gemu. Soma kabla hujakubali, kisha tazama jina la akaunti uliyomo. Kama mashine inatumiwa na ndugu watatu na umeingia kwa akaunti ya kaka, pesa inakwenda kwa kaka, na hakuna namna ya kuihamisha. Nakubali. Dola 25 zimeingia.

Kama ingesema msimbo si sahihi au umeshatumika, ningefanya hivi: ningesoma tena herufi moja moja, ningehakiki nchi, na kama vyote viko sawa ningerudi kwa muuzaji na kadi na risiti mkononi. Ndiyo maana siwashauri kununua vocha ya picha kwa mtu usiyemjua.

Twende dukani tuchague gemu. Zingatia kwamba kwa akaunti ya Marekani, kutegemea jimbo lililoandikwa kwenye anwani, kodi ya mauzo huongezwa juu, hivyo gemu ya dola 9.99 inaweza kuzidi 10.

Kabla ya kupakua, hesabu nafasi. PS3 inashusha kifurushi kwanza, kisha inakifungua na kukisakinisha, na vyote viwili vinakaa kwenye diski kwa wakati mmoja. Gemu ya GB 8 inataka karibu GB 16 zilizo wazi. Wenye ile PS3 nyembamba kabisa, yenye GB 12 tu, bila kuongeza diski hamtafika mbali. Kwa bahati nzuri PS3 inapokea diski ya kawaida ya laptopu ya inchi 2.5.

Chagua kupakua nyuma ya pazia, ili uendelee na mambo mengine. Umeme ukikatika usiogope, rudi kwenye orodha ya upakuaji, endelea kutoka hapo. Hata ukifuta gemu kesho, liko kwenye "Download List" ya akaunti yako, hulinunui tena. Ila akaunti moja inawashwa kwenye PS3 mbili tu, kwa hiyo siku ukiuza mashine, zima kwanza akaunti yako ndani yake kupitia "System Activation".

Imemaliza kushuka. Kwenye safu ya gemu kuna alama ya kiputo, naibonyeza, inasakinisha. Asilimia 60. Tisini. Gemu liko tayari, na mpwa wangu amesimama nyuma yangu tangu saa kumi na mbili. Shika pedi, mjomba.